Gundi ya Bondo la Sangara

Yule mwanamke wa kwenye picha ya sinema alikuwa hageuki. Hilo Musoma nzima ililijua, maana picha ilikuwa ni hiyo hiyo moja, na watu walikuwa wameitazama mpaka wakaijua kuliko wanavyowajua mashemeji zao. Anakuja kisimani na mtungi kichwani, anautua, anavuta kamba, anaimba wimbo wake wote akiwa amewapa watu mgongo, kisha anajitwisha mtungi na kwenda zake. Sura yake huioni mpaka mwisho, akiwa amekwisha kufa na stelingi, kijana mwenye picha yake, amempakata analia.

Jumapili ile, kwenye onyesho la alasiri la akina mama, aligeuka.

Hakugeuka mwili mzima. Ilikuwa shingo tu, kidogo, kama mtu aliyesikia anaitwa na hataki ionekane kwamba amesikia. Jicho moja likachungulia juu ya bega, likatazama watu, halafu likapanda juu zaidi, nyuma ya ukumbi, kwenye kile kidirisha ambacho mwanga wa mashine hutokea. Wimbo ukaendelea kama kawaida. Akina mama waliokuwa wakiuimba, kwa Kihindi chao cha kubahatisha, wakanyamaza mmoja baada ya mwingine.

"Mmeona?" mmoja akanong'ona.

"Nyamaza wewe."

"Huyu hageukagi. Mimi picha hii naangaliaga tangu sijaolewa. Huyu hageukagi!"

Boke, mkata tiketi, alikuwa amesimama mlangoni na tochi yake. Alikuwa mwanamke wa Kikurya mwenye sauti ya kufukuza ng'ombe shambani, lakini siku hiyo alipopanda ngazi hadi chumba cha mashine aliongea kama yuko msibani.

"Salum, umeweka picha ingine?"

"Nyingine naitoa wapi?" Salum akajibu bila kumtazama. "Ni hii hii."

"Basi huyo mwanamke kakuangalia wewe."

Salum alicheka, lakini shati lilikuwa limemganda mgongoni.

Ilikuwa ile miaka ya dhiki, sabuni kwa foleni, sukari kwa kibali, na mtu akikutwa na kanga mbili mpya anaitwa mlanguzi. Picha mpya hazikuja kwa sababu hakukuwa na fedha za kigeni za kuzileta. Mhindi mwenye jumba la sinema alikwenda kwao kumzika baba yake, akaona huko sukari ipo dukani, akasahau njia ya kurudi. Funguo alimwachia Bi Kudura, mjane wa mtaa wa Nyakato, hapo hapo mjini, aliyekuwa akimpikia, pamoja na mashine na mikanda ya hiyo picha moja ya zamani, ya tangu rangi haijafika kwenye sinema.

Kihindi hakuna aliyekijua, hivyo kisa watu walikiunga wenyewe. Kijana mpiga filimbi anampenda binti wa mfinyanzi. Anakwenda mji wa mfalme kutafuta jina, anamwambia msichana amngoje kisimani. Jina analipata, na binti wa waziri anampata. Anakuja kukumbuka kisima akiwa na mvi. Wanaume walisema ile ni picha ya mapenzi. Wanawake walisema ni picha ya tamaa, na wao ndio waliolia zaidi.

Salum aliiendesha picha hiyo kila wiki na hakujiona ndani yake. Nyani haoni kundule, na huyu alikuwa ameonyeshwa kwenye kitambaa kirefu kuliko nyumba.

Kwao ni Bunda, mtoto wa fundi cherehani. Alikuwa na msichana wake, Hyasinta, wa Guta, kule mashamba yanakoshukia ziwani. Yeye Mwislamu, Hyasinta Mkatoliki, na wazee wa pande zote mbili walikuwa wamekunja nyuso, ila wenyewe walikuwa wamekwisha kuelewana. Siku moja Salum alimnunulia medali ndogo ya Bikira Maria, na tundu lake lilipokatika akalitengenezea kikulabu cha waya wa shaba kwa mkono wake. "Nakwenda Musoma kujifunza mashine ya sinema," alimwambia. "Ningoje. Nikishika mashine nitakuja kukuchukua."

Mashine haikushikika hivi hivi. Bi Kudura alikuwa na binti, Shani, mpole, mwenye sauti ya kuimbia harusi. Akamwambia Salum bila kuzunguka, "Mwanangu, mashine hii ndiyo shamba langu. Simpi mtu wa kupita. Nampa mkwe." Salum alipenda sana kusema kwamba mtaka cha mvunguni sharti ainame. Akainama. Alimwoa Shani mwezi wa Mfungo Saba, na Guta hakupeleka hata salamu.

Hyasinta alizisikia habari za ndoa kwa watu wa mnadani. Alikuja Musoma, akakata tiketi ya onyesho la akina mama, akakaa mstari wa mbele, akatazama picha yote. Salum alimwona kupitia kidirisha. Hakushuka. Alikaa humo chumbani mpaka ukumbi ulipokwisha watu. Jumamosi iliyofuata Hyasinta alikwenda ziwani kuchota maji, wakaukuta mtungi umetuliwa vizuri mchangani juu ya ngata yake, na mwenyewe hawakumpata. Watu wa kwao wakangoja, wakachoka, wakazika mgomba badala ya mwili kama desturi yao inavyotaka. Salum aliletewa habari. Akasema hawezi kwenda mazikoni, Jumapili ana onyesho.

Hapo ndipo mkanda ulipokatika, na ulikatika pale pale kisimani.

Gundi ya kuungia mikanda ilikuwa imekwisha siku nyingi na dukani haipo. Bila wimbo wa kisima hakuna picha, na bila picha Salum ni mkwe wa bure. Kaka yake Boke alikuwa mvuvi, na wakati huo sangara walikuwa wameanza kujaa ziwani, masamaki makubwa yenye mafuta ambayo watu walikuwa hawajayazoea. Wengi waliyaogopa. Walisema yanakula waliozama. Siku hiyo Boke aliletewa sangara mrefu kama benchi, akamtumbulia nyuma ya jumba la sinema, akatoa bondo, ule mfuko mweupe wa pumzi ulio tumboni mwa samaki.

"Washona viatu wanachemshaga hii wanapata gundi," akasema. "Jaribu. Inashikaga kweli kweli."

Kisha akapasua mfuko wa chakula, kisu kikagonga kitu. Akakiosha kwenye beseni. "Mama yangu! Medali. Salum, tazama, ni ya Bikira Maria. Huyu samaki kavuliwa Guta. Nikampe padri?"

Ilikuwa na kikulabu cha waya wa shaba.

Salum aliitazama. Angeweza kusema. Angeweza kulia tu, na Boke angeelewa, maana Boke alikuwa mtu. Badala yake aliichukua, akaitupa chooni, akasema vitu vya tumboni mwa samaki ni uchafu. Kisha akachukua bondo, akalichemsha kwenye kopo mpaka likawa uji, akaunga mkanda. Ulishika kweli kweli.

Onyesho lililofuata ndilo lile ambamo mwanamke aligeuka.

Tangu hapo ukumbi ukaanza kunuka. Kwanza ilikuwa harufu ya udongo mbichi wa mfinyanzi, ambayo si mbaya. Baadaye ikawa tope la ziwani, majani yaliyooza, na chini yake shombo tamu ya samaki aliyechelewa sokoni. Boke alipiga deki kwa majivu na ndimu, harufu ikarudi kabla sakafu haijakauka. Kisha sauti. Mchana, viti vitupu, mashine imezimwa, unasikia kamba inavutwa juu ya gogo, kwii, kwii, na maji yanamwagika kwenye mtungi, na jumba lile halikuwa na bomba.

Kila Jumapili mwanamke aligeuka zaidi. Shavu, kisha pua, kisha nusu ya mdomo. Watu hawakuacha kuja. Nitasema ukweli ambao Musoma haiupendi: walizidi. Watu wa mtaa wa Kitaji waliokuwa wamekwisha kuichoka picha walirudi, wakisukumana, wakitaka kuona leo kageuka kiasi gani. Bi Kudura alifurahi. Salum akaanza kusema kwamba muda si mrefu atafungua jumba lake mwenyewe Mwanza.

Lakini nyumbani Shani alipata kiu.

Alianza kwa kuamka alfajiri na kunywa kata nzima. Baada ya wiki alikuwa akimaliza ndoo. Alikunywa akiwa amesimama, macho kayafumba, maji yakimtiririka kifuani, na alipotua ndoo midomo yake ilikuwa imekauka na kupasuka kama ya mtu aliyefunga mwezi mzima.

"Salum, nina kiu," alisema kwa sauti ndogo.

"Umekunywa sasa hivi."

"Si mimi ninayekunywa. Wewe huoni? Mimi yananipita tu."

Na mchana mmoja, Salum akiwa amejilaza, alimsikia mkewe akiimba uani huku anafua, akaimba wimbo wa kisima, akaimba mpaka pale wimbo unapoishia kwenye picha na hakuishia, akaendelea na ubeti ambao Salum hakuwahi kuusikia, na maneno yake hayakuwa Kihindi tena bali lugha ya kwao Hyasinta, ambayo Shani hakuijua hata salamu yake, na katikati ya maneno hayo likatajwa jina la Salum, polepole, kama anavyoitwa mtu aliyekaribia, na Salum alipotoka mbio uani alimkuta Shani amenyamaza, amepiga magoti mbele ya beseni, nywele zake zinachuruzika maji, na kwenye povu la sabuni yanaelea majani ya ziwani, mabichi, kana kwamba yamechumwa dakika ile.

"Nani Hyasinta?" Shani akauliza.

Siku hiyo hiyo walikwenda kwa Maalim Hamduni. Maalim alikuwa mzee wa Kitaji, mwembamba, asiyependa maneno mengi. Alimsomea Shani, akamwandikia kombe kwenye sahani kwa zafarani. Kombe lilipoyeyushwa na kunywewa, Shani alitapika matope. Maalim akamtoa nje, akabaki na Salum.

"Aliyekufa hakurudi," akasema. "Waliokufa wako kwa Mola wao. Huyu ni jini wa ziwani. Alikuwa na yule binti pale alipozama, akakisikia kilio chake cha mwisho, akakipenda. Sasa amekivaa. Wewe ukamwita ndani kwa mkono wako."

"Mimi nilitaka gundi tu, Maalim."

"Ulijua samaki amekula nini?"

Salum akainamisha kichwa.

"Basi sikiliza. Kata kipande chote cha kisima, tangu anapokuja mpaka anapoondoka, hicho chenye ile gundi. Kipeleke Guta, ukizike pale walipozika mgomba. Umwombe radhi mama yake, umwambie kwa mdomo wako ulimfanya nini mwanawe. Jini huyu anakula maneno uliyoyameza wewe. Ukiyatoa atakosa chakula, ataondoka. Usipoyatoa, kiti cha kukalia amekwisha kukipata. Ni mkeo."

"Nikikata kisima, picha haipo tena."

Maalim akaisukuma kando ile sahani ya kombe. "Nimekwambia kuhusu mke, wewe umenijibu kuhusu picha," akasema.

Salum alipanda chumba cha mashine na mkasi. Nataka nimtendee haki: alikaa nao mkononi muda mrefu, na alilia. Alimpenda Shani. Alianza kumpenda akiwa amechelewa, baada ya kumwoa, na alimpenda kweli. Lakini aliufikiria ukumbi uliojaa, akaifikiria Mwanza, akajiambia jini hawezi kujua kusoma mikanda. Akakata mwanzoni mwa picha, pale penye maandishi ya majina ambayo hakuna aliyekuwa akiyasoma. Urefu ulikuwa ule ule. Akakifunga kipande hicho kwenye kitambaa cheupe.

Alipata lori la pamba lililozungukia Butiama kushusha mizigo, akafika Bunda, akatembea hadi Guta. Nyamburi, mama yake Hyasinta, alikuwa akipalilia mihogo. Alimtambua kwa mbali, akaegemea jembe, hakusema karibu.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Umekuja kufanya nini?"

Maneno yalimfika Salum kooni. Shamba lilikuwa kimya, ziwa linaonekana pale chini, na kama angefungua mdomo kila kitu kingetoka. Akafikiria watu wa Guta watakavyokusanyika, habari itakavyofika Musoma, Bi Kudura atakavyosema.

"Nimekuja kutoa pole," akasema. "Nilichelewa."

"Umechelewa kweli. Mwanangu alikungojaga pale njiani kila mnada." Akanyoosha kidole mahali ambapo nyasi zilikuwa zimeanza kuota. "Yuko pale. Hayuko, lakini ndiyo pale. Umemletea nini?"

"Kitu chake kidogo."

Akakizika mwenyewe. Nyamburi alisimama akimtazama, na Salum alipojifuta udongo akamwuliza tena, "Hauna neno lingine?"

"Sina, mama."

"Haya," akasema Nyamburi, akarudi kwenye mihogo yake.

Aliporudi Musoma, Shani alikuwa amekaa kibarazani, amekonda, macho makubwa.

"Umemwambia mama yake?"

"Nimemwambia."

"Yote?"

"Yote."

Shani alilia kwa furaha. Akamshika mumewe mkono, akauweka shavuni. "Najua ilikuwa vigumu. Sasa ndiyo nimejua nimeolewa na mwanamume." Siku hiyo hakugusa ndoo. Jioni alipika, akala, akaimba wimbo wa harusi wa kwao, wala haukuzidi ubeti. Salum akajiambia, unaona, hata uongo unatibu. Njia ya mwongo ni fupi, lakini aliye juu yake huiona ndefu.

Jumapili aliiweka picha kama ilivyokuwa, haina majina tu. Akina mama walijaa. Alichungulia kidirishani kuangalia watu. Mstari wa mbele, kwenye kiti kile kile alichokalia Hyasinta, alikuwa amekaa Shani, mtandio wake wa harusi kichwani. Tangu augue alikuwa hakanyagi ukumbini. Amekuja kwa sababu haogopi tena, na haogopi kwa sababu mumewe alimwambia yote yamekwisha.

Salum akanyoosha mkono azime mashine. Swichi ilikuwa imelowa. Aliibonyeza, akaibonyeza tena, mashine ikaendelea kuzunguka kwa utulivu, na pale ukutani mwanamke akaja na mtungi wake, akautua, akavuta kamba, na kabla hajaimba hata neno moja akageuka mzima mzima, na hakuwa na sura ya yule wa mwisho wa picha anayepakatwa na stelingi, alikuwa Hyasinta, na macho yake hayakuwa ya Hyasinta, yalikuwa mapana na hayana kope kama ya samaki, na maji yalikuwa yanamtoka puani na mdomoni huku anatabasamu, na aliinua kata iliyojaa akainyoosha mbele, nje ya kitambaa, kuelekea mstari wa mbele, na Salum akapiga kelele, "Shani! Usinywe! Sikumwambia! Shani, sikumwambia!" akapiga kidirisha kwa ngumi mpaka kioo kikamkata, na kelele za akina mama waliokuwa wakikimbilia mlangoni zikaimeza sauti yake yote.

Basi akayasema, na hakuna aliyeyasikia.

Boke alipofungua milango mwanga ukaingia. Shani alikuwa bado ameketi, mikono mapajani, mtandio haujateleza. Sakafu chini yake ilikuwa kavu. Walipomlaza, maji yalimtoka mdomoni, mengi, ya rangi ya tope, na kati yake kitu kikadondoka kwenye saruji kikilia. Boke alikiokota. Alikigeuza mkononi, akamtazama Salum aliyekuwa akishuka ngazi.

"Hii si uliitupaga chooni?" akauliza.

Shani alizikwa Nyakato. Maalim Hamduni aliswalisha, kisha akaondoka bila kumpa Salum mkono. Bi Kudura alihamia kwa ndugu zake Bunda, na funguo aliziacha mlangoni.

Na hebu tuhesabiane ujinga. Mwaka haukupita, milango ya nchi ikafunguliwa, ikawa ruksa. Mitumba ikajaa, sabuni ikajaa, na vijana wa mjini wakaleta televisheni na video, wakaning'iniza magunia madirishani wakaonyesha picha za rangi, za ngumi, mpya kila siku. Hakuna aliyetaka tena picha ya zamani ya kisima. Ule mkanda ambao Salum aliuokoa kwa mkasi wake haukuwa na thamani ya kopo alilochemshia gundi.

Jumba limeanguka upande mmoja. Wapita njia wanajua kwamba mchana, kwenye joto, watasikia mashine ikizunguka humo ndani, na mashine ile haina umeme. Wanavuka barabara. Boke peke yake ndiye aliyewahi kuingia, kumpelekea Salum uji. Alimkuta mstari wa mbele, ndevu nyeupe, anatazama ukutani.

Kisimani sasa kuna wanawake wawili. Mmoja amegeuka, anamtazama Salum, anatabasamu, na wala hachoki. Mwingine ana mtandio wa harusi na anavuta kamba.

"Shani," Salum anaita, taratibu, kama anaogopa kumwamsha. "Shani, mke wangu. Sikumwambia. Nakwambia wewe sasa. Geuka."

Boke aliweka uji chini akatoka, na alipoulizwa nje alisema jambo moja tu. Yule Shani, tangu ameingia humo, hageukagi.